Kokwa Tatu Kwenye Sinia

Jumatatu, 9 Juni. Mvua.

Idara ya hali ya hewa imetangaza leo kwamba mvua ya plamu, masika yetu ya Juni na Julai, imeanza rasmi, kana kwamba tulikuwa hatujui. Nguo hazijakauka tangu Ijumaa. Mama amenunua plamu mbichi kilo tano, ameziosha, na ameketi sakafuni jikoni akizitoa vikonyo kimoja kimoja kwa kijiti cha meno. Nyumba nzima inanukia. Kesho atazitia chumvi, na mvua ikiisha zitaanikwa juani siku tatu. Ndivyo ilivyo kila mwaka.

Nimeanza daftari hili kwa sababu kila siku naandika maneno ya mtu mwingine kwa saa tano, na nikirudi nyumbani najikuta sina yangu. Mwalimu Wakatsuki Tokiko ana miaka sabini na minne, riwaya thelathini na moja za safari za nyota, na vitabu vinne vya mashairi. Tangu mwaka jana macho yake yanamtupa, kwa hiyo yeye husema na mimi huandika. Hutunga akiwa amesimama, ameshika ukingo wa droo ya vijiko, na hutamka hadi alama: mlango ukafunguka mkato hakuna aliyekuwapo nukta. Nikimsahihisha habari za sayari hucheka. Ulisoma fizikia miaka sita, huniambia, ili uje kuniwekea nukta.

Riwaya ya sasa inatoka kila Jumamosi kwenye gazeti la mkoa. Ni ya mtu anayelinda kituo peke yake kwenye mwezi wa barafu, miaka tisa bila kuona uso wa mtu.

Kaka yangu Itsuki huisoma. Yeye ndiye aliyenipa kitabu cha kwanza cha Mwalimu nilipokuwa na miaka kumi na miwili, akaniambia nisiharakishe. Sasa ana miaka thelathini na mmoja, na ni mwaka wa sita hajatoka chumbani kwake ghorofani, ila tunapokuwa hatupo nyumbani. Hapa Matsue kila mtu anajua yuko Nagoya, anafanya kazi kiwanda cha vipuri. Mama ndiye aliyempeleka Nagoya, kwa mdomo.

Asubuhi na jioni mimi humpandishia sinia: wali, supu ya kombe wa ziwani, na plamu tatu za chumvi. Sinia linaporudi nje ya mlango, ukingoni huwa amepanga kokwa. Moja: niko sawa. Mbili: leo usikae. Tatu: kaa. Zikiwa tatu nakaa sakafuni, mgongo kwenye mlango wake, namsimulia siku yangu, na yeye hugonga ubao mara moja akifurahi. Hajanijibu kwa sauti tangu mwaka wa kwanza. Mama hajui maana ya kokwa. Ni lugha yetu wawili, na ndiyo pekee tuliyobaki nayo. Ikikatika, sijui nitamfikiaje.

Jumanne, 10 Juni. Mvua.

Kokwa moja.

Alhamisi, 12 Juni. Mvua nyepesi.

Bwana Kageyama, mhariri wa gazeti, alikuja bila kupiga simu. Mwalimu, mbali na riwaya, huchagua mashairi ya wasomaji kwa ajili ya safu ya kila wiki. Kadi za posta huja mia mbili, mia tatu. Watu wanadhani macho yake ni dhaifu tu. Ukweli ni kwamba tangu Machi hawezi kutofautisha karatasi na sahani. Mimi husoma kadi, yeye huchagua kwa sikio. Gazeti likijua, safu itapewa mtu mwingine, na safu hiyo ndiyo inayomtoa kitandani.

Aliposikia sauti ya Kageyama kwenye ngazi ya mlangoni, aliketi sebuleni, akanyakua kitabu mezani akakifungua mapajani kama aliyekatizwa katikati ya sentensi. Kilikuwa kichwa chini. Nilimimina chai, nikasema kitabu kitarukiwa na matone, nikakichukua, nikakirudisha kimesimama sawa. Kageyama hakuona kitu. Aliongea habari za wasomaji wanaomlilia mlinzi wa barafu, akaondoka na mwavuli ambao si wake.

Mwalimu alicheka mpaka akakohoa. "Nilikuwa nimefika ukurasa wa ngapi?"

"Wa mwisho, Mwalimu. Ulikuwa unaelekea wa kwanza."

Alinitafuta kifundo cha mkono, akakibana. Akasema hili ni letu wawili.

Sijawahi kushikwa hivyo na mtu yeyote anayeandika.

Ijumaa, 13 Juni.

Plamu zimeanza kutoa maji. Mama ameongeza jiwe juu ya kifuniko.

Jumapili, 15 Juni. Mvua kubwa mchana.

Chama cha mashairi, chumba cha juu cha hekalu, watu kumi na mmoja. Kila mmoja huandika mashairi matatu mafupi kwenye vipande vya karatasi, bila jina. Vipande vinachanganywa kama karata, na kila mtu ananakili vile vilivyomwangukia kwenye karatasi safi, ili mwandiko usimtaje mwenyewe. Kisha karatasi zinazungushwa na kila mtu anachagua matano, na moja kati ya hayo analipa nafasi ya kwanza. Shairi likisomwa kwa sauti, ndipo mtunzi anapotaja jina lake. Vipande vyake Mwalimu huviandika mwenyewe kwa mazoea ya mkono; mimi hukaa kulia kwake, humnakilia vilivyomwangukia na kumsomea karatasi sikioni, na wenzetu hudhani ni heshima za mwanafunzi.

Karatasi ya nne ilikuwa na hili:

*Mvua ya plamu:*
*kaka yangu amekuwa*
*sauti ya maji.*

Nililisoma mara tatu. Huo ndio uhai wa Itsuki ninaoujua zaidi: bomba la ghorofani likifunguliwa, maji yakishuka ukutani nyuma ya kabati la vyombo. Nikatazama nyuso zile kumi moja moja. Niliwaza: mmoja wenu ana kaka kama wangu. Kwa mara ya kwanza katika miaka sita sikuwa peke yangu, na sikujua nimshukuru nani. Nikalipa nafasi ya kwanza bila hata kufika mwisho wa karatasi.

Lilisomwa. Kisha, palepale kushoto kwangu: "Tokiko."

Bi Nagami, jirani yetu, ambaye hawezi kuacha kitu kipite, akasema, "Mwalimu, si ulituambia umezaliwa peke yako?"

"Kwenye shairi kila mtu ana kaka, Nagami. Hata wewe, kwenye mashairi yako una mume mpole."

Wote walicheka. Mimi pia nilicheka. Naandika hapa kwamba nilicheka, nisije nikasahau.

Jumatatu, 16 Juni.

Mimi mwenyewe ndiye niliyemwambia Mwalimu habari za Itsuki. Ilikuwa mwezi wa Mei, alikuwa amekwama. Aliniuliza mtu akikaa peke yake miaka tisa anajuaje kwamba bado ni mtu. Nilimweleza yote: Nagoya, kokwa, maji ukutani. Alinishika mkono, akasema haitatoka ndani ya chumba hiki.

Leo nimejiambia kwamba shairi halina jina wala nyumba. Hakuna wa kulifuata hadi mlangoni kwetu.

Mwalimu ameniuliza kama nilikasirika. Nimesema hapana. Ni uongo wangu wa kwanza kwake.

Jumatano, 18 Juni.

Kokwa tatu. Nilikaa. Nilimsimulia mwavuli wa Kageyama, akagonga ubao.

Jumatatu, 23 Juni. Mvua tangu alfajiri.

Leo naandika polepole.

Tulianza sura ya Jumamosi saa tatu. Mlinzi wa barafu anapokea chakula kupitia tundu la ukutani. Dada yake yuko kwenye chombo kinachozunguka mwezi ule, ndiye anayekiteremsha. Hawana redio. Mwalimu alishika droo yake, akasema: sinia likarudi juu mkato na ukingoni mwake zilikuwa kokwa tatu za plamu nukta.

Niliandika. Hicho ndicho kinachoniaibisha zaidi. Niliandika kokwa moja na maana yake, mbili na maana yake, tatu na maana yake. Nikaandika mgongo wa dada kwenye ukuta wa chuma. Niliweka kila mkato mahali pake. Aya ilikuwa nzuri sana, na nilikuwa nimefika nusu ya ukurasa ndipo nikaelewa kwamba mwandiko niliokuwa nautazama ni wangu.

"Sisikii kalamu," alisema Mwalimu.

"Mwalimu, hizo ni kokwa za kaka yangu."

"Zilikuwa."

Nilimweleza kwamba Itsuki hulisoma gazeti, mimi ndiye ninayemwekea kwenye sinia kila Jumamosi. Kwamba Mama pia hulisoma, na wenzake wote dukani. Alisema nusu ya wasomaji wangedhani ni ubunifu wa mwandishi na nusu nyingine hawajui kaka yangu ni nani. Alisema amesubiri aya kama ile miaka thelathini. Hakuisema kwa ukatili. Aliisema kama mtu anayeeleza maumivu yake kwa daktari.

Niliweka paji la uso kwenye mkeka. Sijawahi kumwomba mtu hivyo. Hakuniona, bila shaka, lakini nadhani alisikia sauti yangu ikitokea chini.

Alitafuna biskuti yake ya mchele mpaka ikaisha. "Basi futa," alisema. "Weka taa. Awe anawasha taa kupitia tundu. Moja, mbili, tatu."

Niliweka taa. Nikamsomea mara mbili. Akasema imekufa kidogo lakini itatembea.

Jumanne, 24 Juni.

Nimenakili sura kwa usafi na kuituma kwa faksi mwenyewe. Taa, taa, taa. Nilisubiri mashine itoe karatasi ya uthibitisho, nikaitia mfukoni.

Kokwa moja.

Jumamosi, 28 Juni. Mvua, kisha mvuke.

Asubuhi niliweka gazeti kwenye sinia bila kulifungua. Kwa nini nilifungue? Nilikuwa nimeiandika ile sura kwa mkono wangu, neno kwa neno, na karatasi ya uthibitisho ilikuwa bado mfukoni.

Mama alirudi kutoka kazini saa kumi. Hufunga vitamutamu vya chai kwenye duka moja la zamani karibu na daraja, na kwa kawaida hurudi na vile vilivyovunjika. Leo alirudi na gazeti. Hakuvua koti la mvua. Alisimama jikoni likimchuruzika miguuni.

"Kokwa tatu maana yake kaa?"

Sikuelewa alivyojua. Kisha nikaliona gazeti.

"Miaka sita," alisema, "nimeziosha kokwa hizo. Naziosha, nazikusanya, natupa kwenye takataka za Jumanne. Kumbe mtoto alikuwa anaongea."

"Mama."

"Alitoa tatu mara ngapi?"

Nilisema mara nyingi.

"Na mimi nilikuwa hapa chini, nasugua masufuria." Akavua koti, akalitundika, akalinyoosha mikono kana kwamba linakwenda safari. Alisema dukani wameisifu sana hadithi ya Mwalimu wangu. Mmoja alilia. Wakamuuliza kama yeye ameisoma, akasema ameipenda. "Nilisema nimeipenda, Fumika. Nilifunga maboksi arobaini nikisema nimeipenda."

Nilipanda ngazi. Sinia la asubuhi lilikuwa nje ya mlango. Wali umeliwa, supu imenywewa. Gazeti lilikuwa limekunjwa vizuri sana, ukurasa wa Mwalimu ukiwa juu. Plamu tatu zilikuwa palepale nilipoziweka, hazijaguswa.

Nilikaa bila kuambiwa nikae. Nilisema mimi sikuiandika hivyo. Nilisema niliweka taa. Nilipoyasikia maneno yangu kwenye korido, nilijua si jibu la swali lake. Swali lake lilikuwa nani alimwambia Mwalimu.

Nilimpigia Bwana Kageyama. Alikuwa na furaha tele. Mwalimu alipiga simu Jumatano, alisema, mimi nikiwa nimeshaondoka. Alisema kuna aya ya kurekebisha, akaisema yote kwa kichwa, pamoja na alama. Kumbukumbu ya ajabu kwa umri ule. Akaniuliza kama nimewahi kuona kitu kama hicho.

Jumapili, 29 Juni.

Hakuna kokwa.

Jumatatu, 30 Juni.

Hakuna. Sikwenda kwa Mwalimu.

Jumanne, 1 Julai. Mvua.

Plamu zimerudi nzima. Mama huzitoa kwenye sinia, na mimi naziweka tena. Hatuulizani.

Alhamisi, 3 Julai. Mvua kubwa, ziwa limepanda.

Nilikwenda. Alinijua kwa hatua.

Nilikuwa nimepanga hotuba. Nilitoa karatasi ya faksi mfukoni, nikamwekea mkononi, kisha nikakumbuka kwamba kwake ni karatasi tu. Ikabidi nimsomee: kurasa sita, zimepokelewa. Ilisikika kama kichekesho.

Hakukana. Alisema usiku ule hakupata usingizi. Kila akifumba macho, alisema, na kwake kufumba na kufumbua ni mamoja, aliona zile kokwa na siyo zile taa. Alijaribu kuzipenda taa. Alisema angeweza kunidanganya kwamba ni Kageyama aliyeomba.

"Uliniahidi," nilisema.

"Niliahidi. Na nilipoahidi nilimaanisha."

"Kaka yangu hajala plamu siku tano."

Hapo alikaa. Ilikuwa mara ya kwanza kumwona amekaa kwenye chumba cha kazi. Nilidhani ataomba radhi, na najua ningeipokea, hata kama ingekuwa nusu. Badala yake aliniuliza, "Unaweka shajara, siyo?"

Nilisema hilo halihusu.

"Vidole vyako vina wino wa usiku kila asubuhi kabla hatujaanza. Nanusa. Humo umemwandika nani? Mama yako yumo? Kaka yako? Mimi na kitabu changu, tumo?"

"Hakuna atakayeisoma."

"Sote tulianza hivyo, binti."

Niliondoka bila kuchukua mwavuli. Njia nzima nilikuwa natafuta jibu. Nimefika nyumbani, nimebadili nguo, nimefungua daftari hili, na nimejikuta naandika alichosema, neno kwa neno, na alama zake.

Jumapili, 6 Julai. Mawingu.

Bi Nagami alinisimamisha getini, ana tango mkononi kama mtu aliyetafuta kisingizio akakipata bustanini. Aliniambia nimwambie Mama asihangaike. Nikauliza ahangaike na nini.

"Wewe, mama yako hununua mchele wa watu watatu. Nguo za mwanaume zinaanikwa ndani. Sisi si vipofu."

Nilimuuliza walijua tangu lini. Tangu mwaka wa kwanza, alisema, mtaa mzima. Nikamuuliza kwa nini basi kila Mwaka Mpya anamuuliza Mama habari za Nagoya, kama kuna baridi, kama wanampa likizo.

"Kwa sababu alipenda kujibu," alisema. Akanipa tango.

Sijui niwashukuru au niwachukie. Miaka sita Mama amejenga mji mzima, na watu walikuwa wanakuja kutembea ndani yake kwa adabu.

Alhamisi, 10 Julai. Mvua.

Jioni Mama amenipokonya sinia. Alipanda polepole, magoti yake yakilia. Nilimsikia akiketi nje ya mlango. Kama mgeni asiyejua aanzie wapi, alianza kumweleza Itsuki bei ya sukari nyeupe dukani kwao.

Plamu zilirudi nzima.

Jumatatu, 14 Julai.

Mama anapanda kila jioni. Mimi naosha vyombo. Maji ya Itsuki hushuka ukutani nyuma ya kabati, na hicho ndicho ninachopata.

Nimeandika mistari mitatu leo kuhusu Mwalimu. Ni mistari mizuri. Nimeisoma mara nyingi.

Alhamisi, 17 Julai.

Mawingu. Hasira haijapungua, imepata umbo tu.

Jumapili, 20 Julai. Mvua ya mwisho, labda.

Nilikwenda chamani. Sikuwa nimemwona Mwalimu tangu siku ile. Alikuwa ameshaketi, na nafasi ya kulia kwake ilikuwa wazi. Kila mtu alinitazama kana kwamba nimechelewa kwenye kiti changu. Nikaketi.

Vipande vyangu vitatu vilikuwa mkononi. Viwili vilikuwa vya kujaza. Cha tatu:

*Mgeni wa mvua:*
*Mwalimu ameshika kitabu*
*kichwa chini.*

Katika chama chetu Mwalimu ni mmoja. Shairi lile likisomwa, kila mtu ataelewa kwamba haoni. Kesho Kageyama atajua, na keshokutwa safu ya mashairi itakuwa ya mtu mwingine. Nilijiambia nilichoambiwa: ni shairi tu. Nikakitia kwenye rundo pamoja na vile viwili.

Kilimwangukia Bi Nagami kukinakili. Niliona kalamu yake ikisimama. Aliinua macho kwa Mwalimu, akayashusha, akaendelea kunakili, kwa sababu hairuhusiwi kuacha.

Karatasi zikazunguka. Ilipotufikia ile ya Nagami, ilinibidi niisome sikioni mwa Mwalimu, shairi kwa shairi. Nilikuwa bado naweza kuliruka. Yalikuwapo mawili kabla yake, na katika kila moja nilikuwa na muda wa kubadili nia. Nililisoma.

Hakusogea. "Rudia."

Nilirudia. Mkono wake ulitafuta kifundo changu kwenye mkeka, ukakipata, ukakibana, mahali palepale pa siku ile ya Kageyama.

"Hilo," alinong'ona. "Nafasi ya kwanza."

Nilifikiri hakuelewa. Kisha nikajua ameelewa tangu mstari wa kwanza.

Msomaji alisoma machaguo ya watu tisa na hakuna aliyekuwa amethubutu kuligusa. Kisha akafika kwa Mwalimu, na shairi likasomwa kwa sauti chumbani, mara mbili, kama desturi ilivyo. Hakuna aliyemtazama mwenzake. Ilikuwa zamu ya mtunzi kutaja jina. Nilifungua mdomo. Jina langu lina silabi tatu tu na sikuweza kupata hata ya kwanza.

"Tokiko," alisema Mwalimu.

Nilimgeukia. Alikuwa ameinua uso kuelekea dirishani, mahali ambapo hakuna mtu.

"Mnashangaa nini? Tangu Machi sioni kitu. Mhariri alinikuta nimeshika kitabu hivyo, na huyu binti akakigeuza bila kunitia aibu. Nimeona niliseme mwenyewe kabla halijasemwa." Akageuza sikio. "Nagami, funga mdomo, nasikia upepo."

Bi Nagami alifunga mdomo. Nadhani alikuwa analia. Mtu alimimina chai.

Nilimsindikiza nyumbani, kwa sababu hakuna mwingine anayejua ngazi zake. Nilishika mwavuli. Darajani nilimwambia, "Umelichukua na hilo."

"Ulitaka nikuachie? Ungelibeba hadi uzee wako."

"Na kokwa?"

Alisema kokwa hawezi kuzirudisha. Alisema pia, kwa sababu nilistahili kusikia ukweli hata mara moja, kwamba leo hii angeziandika tena.

Nilimtia ufunguo mkononi, nikamwambia sitarudi kumwandikia. Bi Nagami ana mwandiko mzuri. Akaitikia kwa kichwa. Akasema shairi langu lilikuwa refu kidogo mstari wa pili.

Nimekaa na daftari hili saa nzima. Ameniibia, au amenifunika. Nimejaribu kuandika moja ya hayo mawili kwa uhakika na kila mara nimefuta.

Jumanne, 22 Julai. Jua.

Wametangaza mvua imekwisha. Saa moja asubuhi Mama alikuwa nje anapanga plamu kwenye nyungo za mianzi, moja moja, zisigusane. Zitakaa siku tatu. Uani kumekuwa kwekundu.

Gazeti limeandika mistari michache: safu ya mashairi itapumzika kwa muda.

Jioni Mama alipanda na sinia. Nilibaki jikoni. Alizungumza kwa sauti ya chini, lakini nyumba yetu ni ya mbao na nilisikia. Alimwambia kwamba kwa miaka sita aliwaambia watu yuko Nagoya, na kwamba hata siku moja hakumuuliza kama anataka kwenda huko. Alimwambia plamu za mwaka huu ni kubwa. Nikasikia mlango, upana wa sinia, ukifunguka na kufungwa. Baada ya muda mrefu ukafunguka tena.

Mama aliposhuka, bakuli zilikuwa tupu. Plamu hazikuwapo. Ukingo wa sinia ulikuwa safi, lakini mkono wake mmoja ulikuwa ndani ya mfuko wa aproni, umefumbwa, na alipoinama kuweka sinia nilisikia kitu kigumu kikigonga kitu kigumu humo mfukoni.

Alinitazama. Alijua nimesikia. Hakusema ni ngapi, na uso wake ulikuwa wa mtu aliyeombwa kukaa.

Alianza kutembea kuelekea chumbani kwake, mkono ukiwa bado mfukoni, na kila hatua kokwa zilikuwa zinagongana. Ningesikiliza vizuri ningeweza kuzihesabu. Nilifungua bomba la maji mpaka mwisho, nikaanza kuosha vyombo.